Jalada Likilala, Nani Alipe?



Huenda umewahi kukaa msibani ukasikia maneno haya. Marehemu alikuwa mtumishi wa serikali. Labda alikuwa mwalimu, labda mhudumu wa zahanati. Watu wamekaa jamvini, chai inapita. Mzee mmoja anasema, "Yule kijana mkubwa apewe nafasi ya baba yake, awatunze wadogo zake." Wengi wanaitikia. Mama aliyefiwa anainamisha kichwa.

Kwetu Tanzania nafasi ya marehemu hairithiwi. Nafasi hutangazwa, watu huomba, husailiwa, na anayefaulu ndiye huajiriwa. Familia ya marehemu hudai mafao yake, na mafao ni kitu kingine.

Lakini iko nchi moja kubwa ambayo serikali yake ilikubali jambo kama lile alilosema mzee wetu. Nchi hiyo ni India. Huko, mtumishi wa serikali akifa akiwa bado kazini, mmoja wa watu aliowaacha anaweza kuajiriwa serikalini bila kushindana na wengine. Kazi hiyo tuiite kazi ya huruma. Imekuwapo kwa miaka mingi. Imelisha watoto wengi, na imezaa kesi nyingi sana mahakamani. Mwezi huu nataka tuitazame, kwa sababu ndani yake mna swali ambalo mimi na wewe tunalijua vizuri. Mtu akipeleka karatasi yake ofisini, karatasi ikalala, na wakati imelala sheria ikabadilika, nani alipe hasara hiyo?

MFANO WA NYUMBA MOJA

Tutunge mfano ili tuelewane. Tuseme kuna karani wa Serikali Kuu ya India. Ana miaka 38. Ana mke, binti wawili, na mtoto wa kiume wa miaka 9. Nyumba ni ya kupanga. Homa inamshika, baada ya wiki moja amefariki. Mshahara uliokuwa ukija kila mwezi umekatika. Mwenye nyumba anataka kodi yake, na muuza duka amefungua daftari la madeni.

Maagizo ya Serikali Kuu ya India yaliyokusanywa pamoja tarehe 9 Oktoba 1998 yanasema nyumba kama hii inaweza kuomba kazi ya huruma. Anayeweza kupewa ni mke au mume wa marehemu, mtoto wa kiume, au binti. Mtoto wa kulea kisheria naye anahesabiwa. Kama marehemu hakuwa ameoa au kuolewa, ndugu yake aliyekuwa akimtegemea anaweza kuomba. Hata mtumishi aliyestaafishwa kwa ugonjwa kabla ya kufikisha miaka 55, nyumba yake inaweza kuomba.

Kazi inayotolewa ni ya daraja la chini, kama ukarani au uhudumu wa ofisi. Marehemu angekuwa mkubwa namna gani, mwanawe hapewi kiti cha ukubwa.

Yamo mambo mengine katika maagizo hayo ambayo mimi yalinipendeza. Anayepewa kazi hutia sahihi hati kwamba atawatunza wenzake waliokuwa wakimtegemea marehemu. Akiwatupa, anaweza kuachishwa kazi. Mjane aliyepewa kazi akiolewa tena, hanyang'anywi. Mjane asiye na elimu iliyowekwa anaweza kusamehewa sharti hilo kwa zile kazi za chini kabisa, kama kazi yenyewe inaweza kufanywa bila elimu hiyo. Tena, afisa wa ustawi wa watumishi anatakiwa aende kuiona familia mara tu baada ya kifo, aieleze haki zake na kuisaidia kujaza karatasi. Kama afisa huyo kweli anafika katika kila nyumba, hilo ni jambo lingine. Lakini limeandikwa.

KIJANA WA JIRANI

Sasa tugeuze upande wa pili. Jirani na nyumba ya yule karani anakaa kijana mwingine. Baba yake ni mkulima, wala hajawahi kuajiriwa. Kijana huyu amesoma kwa taa ya kibatari, amefanya mitihani ya kuingia serikalini mara tatu. Kila nafasi inayotolewa kwa huruma ni nafasi moja iliyopungua kwake. Naye ana njaa. Je, kosa lake ni kwamba baba yake hakuwa karani?

Katiba ya India iliyoanza kutumika tarehe 26 Januari 1950 iko upande wa kijana huyu. Kifungu cha 14 kinasema watu wote ni sawa mbele ya sheria. Kifungu cha 16 kinasema raia wote wawe na nafasi sawa katika kazi za serikali. Kwa hiyo kazi ya huruma ni mlango mdogo uliotobolewa katika ukuta wa katiba. Mlango wa namna hiyo ukipanuliwa sana, ukuta hautasimama.

Mwaka 1994 Mahakama ya Juu ya India, ambayo kwao ndiyo ya mwisho kama Mahakama ya Rufani kwetu, iliamua kesi iliyotoka jimbo la Haryana. Majaji walieleza wazi kwamba kazi ya huruma si mali ya urithi kama shamba au ng'ombe. Shabaha yake ni moja tu, kuivusha familia katika dhiki ya ghafla iliyoletwa na kifo. Kwa hiyo kufa peke yake hakutoshi. Mwajiri lazima apime hali ya nyumba. Kama nyumba inajiweza, hakuna kazi. Na kama miaka mingi imepita na familia imeishi, majaji husema kwamba basi dhiki ile imekwisha pita.

Neno hili la mwisho ulikumbuke, ndugu msomaji. Ndilo linalouma.

Serikali nayo iliweka kipimo. Nafasi za huruma zisizidi 5 katika kila nafasi 100 za ajira mpya katika madaraja hayo ya chini. Fanya hesabu. Idara ikiajiri watu 20 mwaka huu, nafasi ya huruma ni moja. Ikiwa waliofiwa ni nyumba 12, moja itapata na 11 zitangoja. Mwakani watakuja wafiwa wengine, wapange mstari nyuma ya wale 11. Ndiyo sababu majalada hulala. Mara nyingine ni uzembe wa karani, lakini mara nyingi ni hesabu tu.

SHERIA HUBADILIKA MTU AKINGOJA

Mwaka 2003 Serikali Kuu ilisema jalada lisikae zaidi ya miaka 3. Ikipita miaka hiyo bila nafasi kupatikana, jalada lifungwe kabisa. Mwaka 2012 agizo hilo likaondolewa. Kwa hiyo mjane ambaye jalada lake lilifungwa mwaka 2008 aliambiwa mambo yamekwisha, na jirani yake aliyefiwa baadaye akaambiwa hakuna kikomo cha miaka.

Binti aliyeolewa je? Katika majimbo mengi binti akiolewa alihesabiwa kuwa ametoka katika nyumba ya baba yake, hana haki ya kuomba. Kaka yake akioa alibaki mtoto wa nyumba. Katika jimbo la Uttar Pradesh, Mahakama Kuu ya Allahabad ilikataa ubaguzi huo mwaka 2015. Jimbo lenyewe lilibadilisha kanuni zake mwaka 2021. Na katika Serikali Kuu, hata kijana aliyeoa alikuwa amewekwa nje kwa maelezo ya mwaka 2013, kisha mwaka 2015 akarudishwa ndani. Kijana aliyeoa mwaka 2014 angefanya nini? Huenda yeye alioa tu, hakujua kwamba harusi yake imegusa jalada la mama yake.

Nayo mabenki ya umma yalikwenda njia nyingine. Benki ya Taifa ya India ilifuta kazi ya huruma mwezi Agosti 2005, badala yake ikaweka malipo ya fedha, kama yale sisi tunayoyaita kifuta machozi. Fedha ni nzuri, lakini fedha huisha. Kazi inaleta mshahara kila mwezi mpaka mtoto wa mwisho amalize shule.

TAREHE IPI IHESABIWE?

Hapo ndipo ugomvi mkubwa ulipoanza. Mtu amekufa mwaka huu. Familia imeomba mwaka ujao. Ofisi imelitazama ombi miaka minne baadaye. Katikati, sheria imegeuka. Je, ofisi itumie sheria ya siku ya kifo, au sheria ya siku ile inapolitazama ombi?

Jibu la kwanza ninalotaka ulijue lilitoka mwaka 1989. Bwana mmoja alikuwa mtunza ghala katika idara ya barabara za mipakani. Alifariki mwaka 1982. Mkewe hakuchelewa. Mwezi uliofuata aliomba kazi ya ukarani. Mwaka 1983 alifanya mtihani na usaili, akafaulu. Kisha akangoja. Mwaka 1985 idara ilipiga marufuku kuajiri wanawake. Ofisi ikamwambia mama yule kwamba sasa haiwezekani, wewe ni mwanamke. Mahakama ya Juu ilikataa sababu hiyo. Majaji walisema hapakuwa na sababu yoyote ya kumngojesha mama huyu mpaka 1985. Angeajiriwa mapema, marufuku isingemkuta. Wakaamuru apewe kazi. Wakasema tena kwamba katika mambo ya namna hii pasiwe na kuchelewa, na kama hakuna nafasi, itengenezwe nafasi ya ziada.

Mimi nikisoma uamuzi huo huona haki iliyo wazi. Ofisi ndiyo iliyochelewa, basi ofisi ndiyo ilipe.

Lakini mwaka 2010 ilikuja kesi ya ile Benki ya Taifa. Mfanyakazi alifariki mwaka 2004. Familia iliomba mwaka 2005, kabla kazi ya huruma haijafutwa. Ombi likiwa bado linashughulikiwa, Agosti ikafika, ikafutwa. Mahakama ile ile ya Juu ikasema familia haina haki ya kazi, ichukue fedha. Kazi ya huruma si deni ambalo marehemu alikuwa analidai, ni fadhila ya mwajiri, na fadhila hutolewa kwa kanuni zilizopo siku ya kutoa.

Miaka mitano baadaye, mwaka 2015, ikaja kesi ya benki nyingine ya umma. Huyu alifariki mwaka 1998. Benki ilikataa ombi la mwanawe, baadaye ikafuta mpango wenyewe. Safari hii Mahakama ikasema tumia mpango wa zamani, ule uliokuwapo alipofariki.

Unaona, ndugu msomaji? Nyumba hizi mbili zilifiwa, zikaomba, na sheria zikageuka mbele yao. Moja ilishindwa na nyingine ilishinda. Mwaka 2019 majaji wawili wa Mahakama hiyo waliona maamuzi hayapatani, wakaomba jopo kubwa zaidi litoe neno moja.

Mwaka 2020 haukuleta neno moja. Mwezi Januari uamuzi mmoja ulisema itazamwe sheria ya siku ya kifo. Mwezi Machi majaji watatu, katika kesi iliyotoka jimbo la Karnataka, walisema itazamwe sheria ya siku ya kulishughulikia ombi. Kesi hiyo ya Karnataka inasikitisha. Walioshtaki walikuwa watoto wadogo wazazi wao walipokufa. Walingoja wakue, wakaomba, wakaajiriwa. Wakiwa tayari kazini, ikagunduliwa kwamba kanuni iliyobadilishwa mwaka 1999 ilitaka mtoto atimize umri wa mtu mzima ndani ya mwaka mmoja baada ya kifo. Wao hawakutimiza. Wakaachishwa kazi, na Mahakama ikakubali waachishwe.

Usidhani kwamba sheria ya siku ya kifo daima humfaa mfiwa. Mwaka huo huo wa 2020 ilikuja kesi ya dereva mmoja wa jimbo la Madhya Pradesh. Siku aliyofariki, sera ya jimbo haikuwapa kazi watoto wa watumishi wa aina yake. Baadaye, mwaka 2016, sera ikawa ya ukarimu zaidi. Mtoto wake alitaka sera mpya. Mahakama ikasema hapana, tunatazama siku ya kifo. Hivyo mmoja anashindwa kwa sababu sheria ni mpya, mwingine anashindwa kwa sababu sheria ni ya zamani.

Kwa maoni yangu kichwa cha jambo hakiko katika tarehe. Kiko katika kuuliza nani alichelewa. Mama akiomba kwa wakati na ofisi ikalala, asiadhibiwe kwa usingizi wa ofisi. Lakini nakiri kwamba upande wa pili una hoja. Kazi hii ni ya kuzima moto. Nyumba ikishaungua na kujengwa upya, huwezi kuleta maji baada ya miaka 15 ukasema ni yale yale niliyoahidiwa. Na yule kijana wa mkulima bado anafanya mitihani.

MAMA ASIYEJUA KUSOMA

Kesi ya mwisho nitakayokusimulia iliamuliwa mwezi Novemba 2024. Nimeiacha mwisho kwa makusudi.

Polisi mmoja wa jimbo la Haryana alifariki akiwa kazini mwezi Novemba 1997. Aliacha mke na mtoto wa kiume wa miaka 7. Mke yule hakujua kusoma wala kuandika. Hakuomba kazi kwa ajili yake mwenyewe. Aliomba jina la mtoto liandikwe, ili akikua apewe nafasi. Jina likaandikwa. Mama akatulia, akajua limekwisha.

Mtoto alikua. Mwaka 2008 alipofikisha umri alikwenda kudai. Akaambiwa kwamba kwa maagizo ya jimbo ya mwaka 1999, mtoto lazima awe mtu mzima ndani ya miaka 3 tangu kifo. Yake ilikuwa imepita miaka 11. Alikwenda mahakama za jimbo, akashindwa. Akaenda Mahakama ya Juu. Majaji walirudia yale ya mwaka 1994: kazi ya huruma ni ya dhiki ya wakati ule, si haki inayowekwa akiba mpaka mtoto akue. Alishindwa tena, miaka 27 baada ya baba yake kufa.

Hata hivyo majaji waliona jambo moja. Zilikuwapo fedha za kifuta machozi ambazo familia ingeweza kuchukua tangu mwanzo. Mama hakuziomba, kwa kuwa macho yake yote yalikuwa kwenye ile kazi ya mtoto. Majaji wakasema mama apeleke ombi la fedha hizo, na wakubwa walijibu ndani ya wiki sita.

Fikiria kama mwaka 1997 mtu mmoja angekaa na mama yule jioni moja, akamsomea karatasi. Angemwambia, "Mama, mtoto ana miaka saba. Kumwandikisha jina si ahadi ya kazi. Wewe mwenyewe uko hai, una nguvu, na kwa kazi za chini mjane husamehewa elimu mahali pengine, hebu tuulize kama na hapa inawezekana. Na kama haiwezekani, chukua fedha hizi sasa." Labda angekataa. Labda angesema fedha zitaliwa na shemeji. Lakini angekuwa amechagua.

KWETU JE?

Nimesema kwetu nafasi hairithiwi. Tangu sheria ya utumishi wa umma ya mwaka 2002 ilipofanyiwa marekebisho mwaka 2007, ipo Sekretarieti ya Ajira, na kazi yake ni kutafuta watumishi kwa ushindani. Yule mzee wa msibani basi asimpe kijana matumaini ya bure, kijana akaacha kujisomea akingoja kuitwa.

Kinachongojwa na familia ya mtumishi wa umma ni mafao, na hayo hulipwa na Mfuko wa PSSSF ulioanza kazi mwezi Agosti 2018 baada ya mifuko minne kuunganishwa. Nayo yana karatasi zake, na karatasi hizo zina mpangilio. Cheti cha kifo kwanza. Halafu kikao cha ukoo na muhtasari wake. Halafu mahakama imteue msimamizi wa mirathi. Majina katika vyeti yafanane. Marehemu akiwa Juma Hamisi kwenye cheti cha kazi na Juma Khamis kwenye cheti cha kifo, herufi hizo mbili zinaweza kukurudisha wilayani mara mbili, na nauli ni yako. Kila unapokabidhi karatasi, omba nakala yenye mhuri na tarehe. Jalada likilala, tarehe ile ndiyo itakayosema nani alichelewa.

Mwezi ujao, tukijaliwa, tutakwenda pamoja Mahakama ya Mwanzo, nikuonyeshe namna ya kufungua mirathi, hatua kwa hatua, na wapi watu hukosea.